Mbwa Aliyelazwa Akitazama Ukuta

Maneno niliyowaambia majirani wa mtaa wa Ndosho, Goma, mashariki ya Kongo, asubuhi ya chanjo ya mbwa, tarehe 28 Septemba. Nimeyaandika karibu kama nilivyoyasema, nikaongeza mawili matatu niliyoyasahau mbele ya watu.

Wamama, wababa, wazee wetu, nanyi vijana mlioshika kamba tangu saa kumi na mbili, jambo kwenu.

Daktari ameniomba niseme kidogo wakati sindano zinaandaliwa. Nilimwambia, Daktari, mimi ni fundi cherehani, nitawaambia nini watu wenye mbwa wao? Akanijibu, waambie habari za ukuta. Basi nitawaambia habari za ukuta.

Kwanza mumwone huyu aliyelala hapa kwenye gunia. Anaitwa Mulinzi. Wengi mnamjua, na watoto wa barabara yetu wamempa jina lao, Papa Chukudu, kwa ajili ya chukudu, kile chombo chetu cha mbao cha magurudumu mawili cha kubebea mizigo; mtasikia sababu. Msimwogope. Miguu yake ya nyuma imepooza tangu mwaka 2021. Mama mwenye huyo mweusi, mlegezee kamba kidogo, ameona mwenzake na anataka kumsalimia kwa mbali. Hivyo, vizuri.

Wakati ule tulikuwa tunakaa Majengo. Mnaukumbuka usiku wa tarehe 22 Mei 2021, volkano yetu ya Nyiragongo ilipopasuka na anga likawa jekundu hata mtu angeweza kutunga uzi kwenye sindano bila taa. Moto ulisimama kule Buhene, sisi tukabaki na nyumba yetu. Ila siku tano baadaye, tarehe 27, tangazo likatoka kwamba tuhame, na mji ukamwagika kwenye barabara ya Sake. Magari, pikipiki, chukudu, watu wenye magodoro kichwani, mbuzi, watoto waliopotezana na mama zao. Mulinzi alitufuata bila kamba. Kamba niliisahau mlangoni, na jambo hilo ninalo moyoni mpaka leo. Tulipofika barabara hii hii ya Ndosho, gari moja likampiga kiunoni likaendelea. Dereva simfahamu wala simlaumu sana. Siku ile kila mtu alikuwa anakimbiza roho yake. Mwanangu mkubwa alimweka mabegani akaenda naye mpaka Sake.

Tuliporudi nikampeleka kwa daktari. Alibana kidole cha mguu wa nyuma kwa koleo, kwa nguvu. Mguu ulijikunja, lakini Mulinzi hakugeuza hata kichwa. Daktari akaniambia: mguu umejibu wenyewe, Mama, habari haikufika kichwani; njia imekatika kwenye uti wa mgongo. Majirani wakanishauri nimmalize. Hawakuwa watu wabaya. Kwetu mbwa ni mlinzi wa geti, na mlinzi asiyeweza kusimama watu wanaona amemaliza kazi.

Mimi nikaamua kumtunza, na nilimtunza. Nilijifunza kumkamua kibofu kwa mikono miwili, asubuhi, mchana, jioni na kabla ya kulala, kwa sababu mbwa wa namna hii mkojo hautoki wote wenyewe, na ukikaa ndani unaoza na kuleta homa. Nilimgeuza ubavu kila saa tatu au nne ili asipate vidonda vya kulala kwenye nyonga na kiwiko. Nilimwekea kipande cha godoro, nikakivika mfuko wa plastiki na juu yake kitambaa kikavu. Nilimchagulia mahali pazuri nyuma ya jiko, ambapo mvua haifiki na watoto hawamkanyagi. Vidonda vikapona. Akanenepa. Nilijivunia, nawaambia kweli.

Mwezi wa sita au wa saba wa kumtunza hivyo, akaanza kulamba mguu wake wa mbele, ule mzima, mpaka manyoya yakatoka na ngozi ikawa nyekundu. Saa nane za usiku alikuwa anabweka pasipo mtu, sauti moja tu, kama mtu anayegonga mlango wa nyumba isiyo na watu. Baadaye akaacha hata kubweka. Nikileta sahani anakula, nikiondoka hanifuati kwa macho. Nikasema, ni maumivu. Nikamwita daktari aje na dawa.

Daktari alimpima mwili mzima. Aliangalia vidonda, akabonyeza tumbo, akamfungua mdomo, akamshika mgongo kifundo kwa kifundo. Kisha akafanya jambo ambalo sijalisahau: alilala chini, na koti lake jeupe, kichwa chake kando ya kichwa cha mbwa. Akakaa hivyo kitambo. Akaniita: Mama, njoo ulale hapa uniambie unaona nini.

Nikalala. Niliona ukuta. Mawe meusi ya volkano kama kuta zetu zote hapa Goma, mistari ya sementi, na tundu moja ambalo labda lilikuwa na mjusi. Sikuona kitu kingine. Kichwa changu kilikuwa usawa wa kichwa chake, na dunia yote ilikuwa jiwe. Nilikuwa nimemwekea ukuta huo miezi minane.

Jioni ile ile tulimhamishia getini. Mwanangu alipiga mbao nne zikawa kitanda kifupi, nusu mita kutoka geti, mahali ambapo bati halifiki chini na barabara inaonekana. Siku ya kwanza alitazama miguu ya watu tu. Siku ya tatu akaanza kuwabagua: mwenye kubeba bidoni ya maji hapati neno, mgeni anapata sauti. Wiki ya pili mguu ule wa mbele ulikuwa umeanza kuota manyoya. Dawa hakupewa. Alikuwa amerudishiwa kazi yake, akiwa amelala.

Hapa nisimame kidogo, maana kuna hatari, nayo ndiyo iliyotukutanisha leo. Mulinzi aligongwa mbele ya macho yangu. Lakini siku utakapoamka ukamkuta mbwa wako miguu haimbebi, taya limening'inia, mate yanachuruzika, sauti imebadilika, na hujui kilichompata, usimtie mkono mdomoni ukidhani amekwamwa na mfupa. Kichaa cha mbwa hakiji mara zote kwa kukimbia na kuuma watu barabarani. Kuna kile cha kimya, kinachokuja kwa kupooza. Mfungie mahali peke yake, watoe watoto, mwite daktari wa mifugo. Ukiwa umeng'atwa, au mate yamekugusa penye mchubuko, osha kwa maji na sabuni dakika 15 kamili, kisha nenda hospitali siku hiyo hiyo, kwa sababu dalili zikishatokea kwa mtu, kupona ni karibu hakupo. Shirika la Afya Duniani linasema watu wanaopata ugonjwa huu, mpaka 99 katika 100, wameupata kwa mbwa. Na kwamba mbwa 70 katika 100 wakichanjwa, ugonjwa unakosa njia ya kupita. Kwa hiyo asiondoke mtu kwenye foleni hii, hata jua likipanda.

Sasa nirudi kwa Mulinzi. Baada ya ukuta nikaanza kujiuliza: mbwa mzima siku nzima anafanya nini? Anatembea, lakini hatembei bure. Ananusa. Anasimama penye mti, anasoma nani alipita, anaendelea. Miguu inapeleka pua. Mimi nilikuwa nimelia miguu nikasahau iliyokuwa inapelekwa.

Sogeeni wawili wawili mwangalie hii pua. Mnaona huku pembeni? Kila tundu lina mpasuo mdogo, kama tundu la kifungo kwenye shati. Akivuta hewa, inaingia kwa mbele. Akiitoa, inapita kwenye mpasuo na kwenda pembeni, ili isiitibue harufu inayokuja. Mshonaji gani angekata kitu kizuri hivi? Ndani yake, daktari amenifundisha, kuna vipokea harufu zaidi ya milioni 200. Sisi tuna kama milioni 5 au 6. Mmesikia habari za mbwa wa kunusa wa Hifadhi ya Virunga, wanaofuata nyayo za majangili msituni. Wale wamefundishwa, ni kweli, na ni wa ukoo maalumu. Lakini pua ya mbwa wako wa getini ni ya jamaa zao.

Na kitu kingine alinisimulia. Mwaka 1963 mtafiti mmoja wa Marekani, Glen Jensen, aliwafundisha panya kubonyeza kijiti ili wapate chakula. Walipokwisha kuzoea, akawawekea chakula kile kile kwenye bakuli, bure, hapo hapo karibu. Panya wengi waliendelea kwenda kubonyeza. Wamejaribu kwa wanyama wengine baadaye, na wengi wamefanya vivyo hivyo. Mimi niliposikia nilifikiri juu ya sahani yangu. Kila siku nilikuwa namwekea fufu, ugali wetu, puani, anaimaliza kabla sijanawa mikono, kisha saa 23 za kungoja.

Basi nikafanya kile ninachokijua. Kwenye karakana yangu kule Birere vipande vya vitenge vinajaa chini ya meza mpaka tunavikanyaga. Nilinunua mkeka wa mpira wenye matundu, ule wa kupangusia miguu mlangoni. Nikakata vitambaa urefu wa shibiri moja, upana wa vidole viwili, nikapitisha kila kimoja kwenye tundu mbili na kufunga fundo, mpaka mpira haukuonekana tena na mkeka ukawa kama majani ya bustani yenye rangi zote. Jioni tatu. Ndani ya majani hayo nikaficha chakula chake cha jioni: fufu iliyokauka nikaivunja punje punje, na sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, wakavu wasiotiwa chumvi, kama kumi.

Ningependa mngeona mara ile ya kwanza. Alishusha pua, akasimama. Akanitazama. Akaishusha tena, akaanza kuvuta pumzi fupi fupi, haraka, kama cherehani ikiingia kwenye mshono mrefu. Akampata sambaza mmoja kwenye kona. Akamtafuna polepole sana. Kisha akaingia kazini. Robo saa nzima alikuwa anasukuma vitambaa kwa pua, anavivuta kwa meno ya mbele, anarudi mahali alipokwisha kupita kuhakikisha. Alipomaliza alilaza kichwa juu ya mkeka akakoroma, saa moja ya jioni haijafika. Nilikuwa sijamsikia akikoroma tangu barabara ya Sake.

Asiyejua kushona asihangaike. Kata bidoni ya lita 20 katikati kwa urefu, ufute makali kwa moto, ujaze maganda makavu ya mahindi, ufiche chakula ndani. Plato ya mayai ya karatasi nayo inafaa. Chupa ya plastiki iliyotobolewa matundu matatu makubwa kuliko punje, aisukume kwa pua mpaka zidondoke. Ila kifuniko kiondolewe, anaweza kukimeza. Mkae naye. Mnyama aliyekaa na njaa ya shughuli muda mrefu anaweza kumeza kitambaa au plastiki, na utumbo ukiziba umepata msiba mwingine. Na chakula hicho kitoke kwenye sehemu yake ya siku, kisiwe nyongeza. Asiyetembea ananenepa upesi, na kila kilo inalalia viungo vilivyobaki. Vitunguu na chokoleti visimfikie, wala mifupa iliyopikwa, maana inapasuka kama sindano.

Mwaka wa pili watoto wakavumbua mchezo ambao daktari mwenyewe ameuchukua kuwafundisha wengine. Unaitwa barua. Kila anayetoka mahali analeta kitu chenye harufu ya mahali hapo. Mmoja alileta unyoya wa kuku kutoka sokoni. Mwingine jiwe lenye maji ya ziwa. Mwingine jani la mkaratusi alilolisugua mkononi. Kuna siku walileta kipande cha kamba iliyokuwa imefunga mbuzi, na hiyo alinusa mpaka sisi tukachoka kumngoja. Alipomaliza akaweka kidevu juu yake akailinda. Jumamosi nikienda Kituku kununua sambaza wabichi, narudi na jani la mgomba walimolalia, hata kama samaki wenyewe ni wa watoto. Sambaza hawa, wazee watawaambia, hawakuwa wa ziwa letu. Waliletwa kutoka Tanganyika mwishoni mwa miaka ya 1950. Mulinzi hajui historia hiyo, lakini jani lile analisoma mstari kwa mstari.

Siku dada yangu wa Minova alipotuma kitenge chake nikirekebishe, nilikipitisha mbele ya Mulinzi bila kufikiri. Dada yangu ndiye aliyemlea akiwa kitoto. Mkia wake haufanyi kazi tena, mnajua, umepooza pamoja na miguu. Masikio ndiyo mkia wake sasa. Yalilala nyuma yote mawili, uso ukalainika, akatia pua kwenye pindo la kitenge na kufunga macho. Cherehani yangu ilisimama siku hiyo.

Barua zenye hatari zipo. Msimletee kitu cha mnyama mgonjwa wala aliyekufa, wala taka za jalalani. Na siku asipotaka, asilazimishwe. Akigeuza kichwa, mchezo umekwisha.

Hapo kwenye kutotaka nataka nikae, kwa kuwa naona ndipo penye uzito kuliko pote. Mbwa mzima jua likimchoma anahama. Akichoka na watoto anaenda zake. Hakuna anayeona kwamba huko ni kuchagua, lakini siku nzima ya mbwa ni kuchagua. Aliyepooza amenyang'anywa hata kile. Analala tulipomlaza. Jua linamfikia saa nne, na sisi tuko sokoni.

Tulimfundisha kengele. Ilianza na kiganja: weka kiganja wazi karibu na pua, akikigusa mpe punje, papo hapo, pamoja na neno moja lile lile; sisi tunasema "ndiyo". Dakika tatu, mara mbili kwa siku, na kuacha kabla hajachoka. Siku nne akajua. Kisha kiganja kikashika kengele ya mbuzi, akaigusa, ikalia, akapata punje. Kisha tukaitundika kwenye msumari kando ya kitanda chake, na kila ilipolia mmoja wetu alikwenda kumhamisha kivulini au kumgeuza upande mwingine. Siku mbili za kwanza hatukufanya kazi nyingine hapo nyumbani. Aliliza kengele hata usiku. Binti yangu akasema tuiondoe. Nikamwambia, mwache, anahakikisha kama tunasema kweli. Juma lilipoisha akatulia. Leo anaigonga mara nne au tano kwa siku: jua likifika, mvua ikianza, kibofu kikijaa, anapohisi tumbo limekaza upande wa mbele, na jioni watoto wanaporudi shuleni. Alikuwa na miaka saba alipojifunza hilo. Msisikie anayesema mbwa mzee hafundishiki.

Sasa habari ya Papa Chukudu. Kijana mmoja jirani anatengeneza chukudu, na alipomwona Mulinzi akijikokota juu ya mawe ya volkano mpaka vidole vikatoka damu, alisema atamtengenezea lake. Alichonga mkaratusi, akaweka magurudumu mawili ya mbao na raba juu, kazi safi. Tukamfunga Mulinzi ndani. Hakusogea. Tulimwita kwa sambaza, alivuta mara moja akalala chini na gari lake. Sisi tukafikiri anaogopa. Papa mmoja wa hapo jirani, anayetembea kwa magongo miaka mingi sasa, alikuwa ameketi anatazama. Akasema, "Wanangu, hicho ni kizito. Ninyi mmekitengeneza kwa macho ya mwenye miguu." Akatuomba tumletee kutoka bafuni kwake gongo lake la zamani la mbao, tulinganishe na lile jipya la alumini. Kila mmoja wetu alilishika. Hatukuhitaji maneno mengine.

La pili lilitengenezwa kwa tiyo za plastiki za maji, na magurudumu ya pusete, kigari cha kusukumia mtoto, iliyokwisha kuchakaa. Papa yule ndiye aliyetuonyesha kuweka mpira wa ndani wa tairi ya pikipiki penye kila kona inayogusa mwili, na mimi nikashona mikanda ya kitenge yenye pamba ndani. Mgongo wa mbwa ukae sawa, kiuno kisipande wala kisishuke. Siku za kwanza dakika tano, halafu kumi. Hatumwachi ndani peke yake, kwa sababu hawezi kulala humo na akipinduka hawezi kuinuka. Kila tukimtoa tunaangalia ngozi chini ya mikanda. Na ni ndani ya parseli, uwanja wa nyumba yetu, tu, penye sementi. Barabara yetu ya mawe inampindua. Lile la mbao halikutupwa. Kijana aliliongezea ubao wa mbele na usukani, na sasa watoto wanamkokota nalo mpaka kona ya barabara na kurudi, ameketi kama mzee wa mtaa. Magari mawili, kila moja na kazi yake: moja analisukuma mwenyewe, la pili linamleta duniani.

Wenye paka, sijawasahau, ila paka wangu ni wawili tu na wote wazima, kwa hiyo nasema kidogo. Paka anaficha. Mwaka 2002 madaktari wa Marekani walichapisha matokeo ya picha za eksirei za paka 100 waliozidi miaka 12, na 90 kati yao walikuwa na viungo vilivyoharibika. Ukimwona paka wako hapandi tena kabati, usiseme amekuwa mpole. Mpangie ngazi kwa kreti mbili za bia na ubao, arudi juu, maana paka anapenda kuiona nyumba kutoka juu. Mpe katoni ya kujificha yenye milango miwili. Sanduku lake la mchanga likatwe ukuta mmoja uwe mfupi. Chakula kilichofichwa anaweza asikipende. Kwenye majaribio yale, paka ndio waliochagua bakuli la bure. Chezesha unyoya kwenye uzi mbele ya makucha yake akiwa amelala, hata aukamate kwa mkono mmoja, kisha uzi uwekwe mbali, maana akiumeza unamkata matumbo. Na jambo moja la kufa na kupona: msimpe paka paracetamol. Kidonge kimoja cha mtu kinatosha kumuua. Naona watu wanaguna. Ndiyo, kimoja.

Kuna swali ambalo mmoja ataniuliza nikimaliza, kwa hiyo acheni nilijibu mapema. Kambi za Kanyaruchinya na Bulengo zilijaa ndugu zetu waliokimbia vita, wakalala chini ya turubai, na wewe, Mama, ukamshonea mbwa mkeka? Swali hilo nimejiuliza usiku mara nyingi. Nami nimetoka huko, nimekimbia volkano mara mbili maishani, mwaka 2002 nikiwa msichana na 2021 nikiwa mama. Jibu langu ni hili: mkeka ule ni vipande vya chini ya meza. Chakula ni kile kile alichokuwa anakula. Kengele ni ya mbuzi wa marehemu baba. Dakika kumi za jioni sizichukui kwa mtu mwenye njaa. Ningezitumia kwenye simu. Na watoto wangu wamejifunza kitu kwa mbwa yule, kulala chini na kutazama kile anachokiona aliyelala. Bibi yao alipoanguka na kuvunjika nyonga mwaka jana, sikuwaambia neno. Niliwakuta wamegeuza kitanda chake kikatazama dirisha.

Kule Rumangabo, kwenye makao ya Hifadhi ya Virunga, watunzaji wa gorila waliopoteza wazazi walilala nao, wakacheza nao, wakawa familia yao. Mmoja wao, Ndakasi, aliyeokotwa mwaka 2007 akiwa amemng'ang'ania mama yake aliyeuawa, aliishi miaka 14 na kufia mikononi mwa mtunzaji wake, Septemba 2021. Kule Lwiro, upande wa Bukavu, tangu mwaka 2002 wanawapokea sokwe walionyang'anywa wauzaji, wengine wamekatwa na mitego. Watu hawa wa kwetu hawakungoja vita viishe.

Na siku ikifika? Daktari aliniomba nisiliruke hili. Michezo haimponyi mwenye maumivu. Mnyama akilia anapoguswa, akikataa chakula, akiacha kugeuka anapoitwa na jina lake, vidonda vikirudi kila vinapofungwa, mchezo hautazuia kitu, na kumshikilia ni kwa ajili yetu, siyo kwake. Kuna sindano ya upole, naye daktari ataizungumza na wewe faraghani. Mimi kila mwisho wa mwezi namwangalia Mulinzi kwa macho hayo. Nahesabu: amegonga kengele? Amelala akikoroma? Masikio yamekwenda nyuma alipomwona mtoto? Mwezi huu yote matatu yapo.

Naona Daktari ameshavaa glavu, kwa hiyo ninamaliza. Mikeka miwili nimeileta, iko pale kwenye benchi, na sashe ya sambaza. Yule Mama wa nyuma kabisa, mwenye mbwa wa miguu mitatu: njoo mbele, usione aibu. Anaitwa nani? Tiger? Haya, Tiger alale hapa kwenye kivuli, upande wa mguu mzima. Watoto, rudini hatua mbili mumpe hewa. Mama, chukua sambaza watatu, wafiche mwenyewe, asione mkono wako. Sasa tumngoje, hata akichelewa.